Wimbo Uliobaki Kichwani mwa Wakoli

Rispah Nabwile alikaa na mume miaka ishirini na sita bila harusi, na kama yupo mtu mtaani Tuwani, mjini Kitale, aliyewahi kumsikia akinung'unika, basi ajitokeze aseme. Hayupo. Alikwenda kwa Wakoli mwaka wa themanini na tatu akiwa na beseni la nguo kichwani na kuku mmoja kwapani, kama walivyokwenda wasichana wengi wa rika lake. Yule kuku akataga siku ya tatu, na Wakoli akaona hiyo inatosha kuwa cheti cha ndoa. Ng'ombe walipelekwa Mabanga kwa wakwe, wazee wakala, wakafuta midomo, wakasema huyu sasa ni mke wa mtu. Mambo yakaishia hapo.

Kanisa ndilo lililofufua habari. Mwaka wa elfu mbili na tisa akina mama wa kanisa walimchagua Rispah awe mwenyekiti wao, wakapiga vigelegele, wakamfunga kitambaa kipya kichwani, kisha mchungaji akakohoa. Ukiona mchungaji anakohoa wakati watu wanafurahi, jua kuna neno.

"Mama Ivy," mchungaji akasema kwa upole, "hicho kiti kinataka mtu aliyefunga ndoa hapa mbele."

Rispah akakivua kitambaa, akakikunja vizuri, akakirudisha. Alipofika nyumbani alimweleza Wakoli, kwa mdomo na kwa mikono. Wakoli akafikiri kidogo, akasema kwa ile sauti yake ya kupasua mabati, "Si tuoane basi! Kwani nani ametukataza?" Majirani wa pande zote mbili waliisikia posa hiyo kabla Rispah hajaijibu.

Hapa lazima nikueleze Wakoli alikuwa nani, la sivyo utadhani ni mtu wa kelele tu. Wakoli alikuwa mtu wa mashine. Tangu ujana wake alisaga mahindi katika mashine ya Mzee Cheruiyot, karibu na soko la Kitale, na mashine ile ya dizeli ilikuwa na mlio wa kutetemesha meno. Ndani mle hakuna aliyejisumbua kuongea. Watu waliongea kwa vidole. Ukisugua kidole gumba na cha shahada, unataka unga laini. Ukipepesa kiganja, unataka chenga za kuku. Ukivuka vidole viwili, mahindi yachanganywe na mtama. Tuwani nzima iliijua lugha hiyo, wazee kwa watoto, na hakuna aliyefundishwa. Ukitumwa na mahindi mara mbili, ya tatu unaijua.

Kwa hiyo masikio ya Wakoli yalipoanza kumwacha, nani angeona? Ndani ya mashine kila mtu ni kiziwi. Kwanza walipotea vifaranga, hakuwasikia tena uani. Kisha mvua juu ya bati. Kisha redio, akawa anaipigapiga kofi akidhani betri zimekwisha. Mwishowe alipotea Rispah mwenyewe, sauti yake yote, mpaka ile ya kuimba akikung'uta vyombo. Kufikia wakati kitinda mimba wao Kevin anamaliza darasa la nane, Wakoli hakusikia kitu duniani ila radi, na hiyo aliisikia kifuani.

Wewe utauliza, kwa nini asiseme? Nitakuuliza na mimi, wewe ungesema? Mzee Cheruiyot alikuwa mtu mwema, lakini ni mwenye mashine gani atamwachia mshipi unaozunguka mtu ambaye hatausikia ukikatika? Hilo moja. La pili ni warika wa Wakoli kule kwao Tongaren, wale waliotahiriwa naye mwaka mmoja. Kwa Wabukusu mtu na warika wake wanataniana bila huruma, na hakuna wa kukasirika. Wangempa jina, na jina lile lingerithiwa na wajukuu. Wakoli alimshika Rispah mkono siku moja jikoni, akamwambia, "Mama Ivy, hii ibaki hapa kwa nyumba." Rispah akaitikia, na ikabaki.

Siri ya mtungi aijuaye kata, na Rispah alikuwa kata ya kweli kweli. Kila walipokaa na watu, yeye alikaa mahali ambapo mumewe angeuona mdomo wake. Mtu akiuliza swali, Rispah alilirudia polepole kama mama asiyeelewa haraka, na Wakoli akalisoma midomoni akajibu. Swali likiwa refu, Rispah alijibu mwenyewe: "Baba Ivy anasema amekubali." Kuna mikutano ya ukoo ambamo Wakoli alikubali mambo asiyoyajua mpaka leo. Nyumbani nako watoto wake walilelewa kwa adabu ya kwetu, neno la kumwambia baba lipitie kwa mama kwanza. Adabu hiyo ilimsaidia Rispah kuliko dawa yoyote. Alikuwa na hakika kwamba duniani siri hiyo wanaijua watu wawili na Mungu.

Basi harusi ikapangwa Desemba, kwao Rispah, Mabanga, ili mama yake mzee aione bila kusafirishwa. Ivy, binti yao mkubwa, alikuwa karani katika ofisi moja Bungoma mjini, na alikuwa amehudhuria harusi nyingi za wenzake wa kazini. Yeye ndiye aliyekuja Kitale Jumamosi moja na mipango kamili. Keki itakuwa hivi, hema litakuwa vile, na baada ya keki, dansi ya kwanza.

"Dansi ya nani?" Rispah akauliza.

"Yenu, Mama. Wewe na Baba. Mnaingia katikati ya hema nyinyi wawili peke yenu, wimbo unapigwa, mnacheza, watu wote wanawatazama."

Rispah akalirudia neno hilo moyoni. Watu wote wanawatazama! Alijua vile itakavyokuwa. Wimbo utaanza na Wakoli atasimama kama mti. Au utaisha na yeye ataendelea kuruka, na warika wa Tongaren watakuwa wamekaa viti vya mbele, meno nje. Alikuwa na neno la kukataa mdomoni, tayari kabisa, na kwa mara ya kwanza katika miaka yote ile neno lake mwenyewe likamkatalia kutoka. Maana alitaka. Nitasema wazi, kwa kuwa yeye mwenyewe aliona haya kulisema: Rispah alitaka kuchezeshwa na mumewe mbele ya watu. Mwanamume wa Kibukusu wa rika lile hamshiki mkewe mkono hata wakivuka mto. Alikuwa amezaa naye, amelima naye, amezika mtoto mmoja naye, na hajawahi kushikwa kiuno mchana.

"Sawa," akasema. "Lakini wimbo utachaguliwa hapa."

Ndipo balaa ilipoingia. Kevin, ambaye siku hizo alikuwa fundi wa simu mjini, alikuwa na simu yenye memori kadi, na jioni ile yeye na Ivy waliwaketisha wazazi wao kwenye makochi wakawasikilizisha nyimbo. Wa kwanza ulikuwa wa Kizungu, wa polepole, wa mtu anayelia kwa sababu ya mapenzi. Wakoli alimtazama Ivy usoni, akaona anatabasamu. "Hii ni nzuri!" akasema. Wa pili ulikuwa wa injili. Ivy akatabasamu tena. "Hata hii ni nzuri!"

Wa tatu haukuwa katika mpango. Simu ilijiendea yenyewe, ikaangukia ule wimbo ambao kwaya zote za Bungoma huimba mwili ukitolewa mochari. Ivy akatoa macho. Wakoli, maskini, ambaye kazi yake yote pale ilikuwa kuusoma uso wa binti yake, aliyaona yale macho akadhani furaha imezidi. Akapiga paja kofi.

"Hii sasa ndio! Hii imenigusa kabisa! Hii ipigwe mara mbili!"

Kevin akaizima simu. Chumba kikawa kimya, ila Wakoli hakujua kwamba kimekuwa kimya, akaendelea kutikisa kichwa kwa mdundo wa wimbo ambao haupo. Rispah akacheka kwa nguvu, kicheko cha uongo kitupu.

"Baba yenu anawatania! Si anawaambia nyimbo zenu zote yeye anaona ni za matanga. Haya, kaleni, wimbo tutautafuta wenyewe."

Ivy alimtazama mama yake kitambo, akamtazama baba yake, akaenda kupakua ugali. Rispah akashukuru Mungu kwamba mtoto hakushuku.

Kesho yake, watoto walipokuwa wamekwenda, alimkabili mumewe. Alijiweka mbele yake, mwanga ukimwangukia usoni, akasema polepole, "Baba Ivy. Wimbo gani bado uko nao kwa kichwa?"

Wakoli alikuwa anakarabati ufagio, akauweka chini. Akafumba macho. Kisha akaanza kuimba, na Rispah akashika ukingo wa meza. Mtu asiyesikia huongea kwa sauti mbaya, hilo Rispah alilizoea. Lakini kuimba huku kulitoka safi, kila sauti mahali pake, kama kitu kilichohifadhiwa kabatini na hakikuguswa na vumbi. Ulikuwa wimbo wa gitaa kavu wa Kibukusu, uliokuwa ukipigwa redioni mwaka ule aliokwenda kwake na beseni. Mwanamume anamwambia mkewe kwamba safari ya nyumbani ni ndefu, na kwamba akichoka, yeye mwenyewe ataubeba mkungu wa ndizi kichwani, watu wacheke wakitaka. Enzi hizo wasichana waliupenda kwa sababu walijua hakuna mwanamume atakayefanya hivyo.

Alipomaliza, alifumbua macho akamkuta mkewe analia.

"Nimeimba vibaya?" akauliza kwa hofu.

Rispah akatikisa kichwa. Hapana. Hapana kabisa.

Kazi ikawa kuupata. Rispah hakujua jina la wimbo, wala la mwimbaji. Alikwenda kwa mwuza kanda aliyekuwa na kibanda karibu na stendi, kijana mpole ambaye kanda zake zilikuwa zimeanza kukosa wanunuzi kwa sababu ya sidii, akasimama pale kati ya wapita njia akamwimbia. Mwanamke wa karibu miaka hamsini, mwenye kapu la dagaa wa omena mkononi!

"Mama, hiyo ni ya zamani bana," kijana akasema. "Hebu rudia hapo kati."

Akarudia. Watu wawili wakasimama kusikiliza. Kijana akaingia chini ya meza, akavuta katoni moja baada ya nyingine, akajaribu kanda hii na ile, na Rispah akawa anakataa kwa kichwa, mpaka gitaa likatoka. Lilikuwa lenyewe. Rispah alimshika yule kijana mikono yote miwili akambariki yeye na watoto wake, naye hata mke hakuwa naye.

Wiki zile za mwisho walifanya mazoezi chumbani, mlango umefungwa, redio ya kaseti juu ya sanduku. Walikubaliana hivi: Rispah atamfinya bega mara moja wimbo ukianza, na mara mbili ukikaribia kuisha. Katikati, Wakoli atauimba kimoyomoyo na kuufuata. Siku ya kwanza alimkanyaga. Siku ya pili alimkanyaga tena, akaomba msamaha kwa sauti iliyofika barabarani. Lakini siku moja Rispah alimfinya mara moja kisha akasahau kumfinya tena, maana kichwa chake kilikuwa kimelala kifuani kwa mume na mawazo yamekwenda mbali. Gitaa likamaliza. Na Wakoli akasimama. Sauti ya mwisho na mguu wa mwisho vilitua pamoja. Wimbo ulikuwa unakwenda ndani yake kwa mwendo ule ule wa kanda, hauchelewi wala hauharakishi. Rispah hakumwambia kwamba alikuwa amesahau kumfinya. Aliinama tu akazima redio, akasema moyoni, asante Baba, huyu tutamvusha.

Siku ikafika. Mabanga kulikuwa na jua la Desemba, mahindi yamevunwa, mashamba meupe. Mzee Cheruiyot alikuwa ametoa lori lake lililozoea magunia, likawaleta watu wa Tuwani wakiimba njia yote kutoka Kitale, akina mama juu ya viti vya plastiki. Kabura, jirani yao wa ukuta kwa ukuta, mwuza sukuma wiki, ndiye aliyemvisha Rispah shela, na sindano kadhaa zikamchoma Rispah kichwani, na Kabura akamwambia akae kimya, bibi harusi halalamiki. Ndoa ikafungwa. Wakoli aliulizwa kama anakubali, akausoma mdomo wa mchungaji, akajibu "Nimekubali!" kwa nguvu iliyomwamsha mama yake Rispah usingizini, watu wakapiga makofi kwamba huyo ndiye mwanamume.

Kisha kuku, kisha keki, kisha mshereheshaji akashika kipaza sauti. "Na sasa, mabibi na mabwana, tuwapishe maharusi!"

Waliingia katikati. Warika wa Tongaren walikuwa viti vya mbele, kama alivyojua Rispah watakuwa, na yule mwenye mdomo kuliko wote, Wakhungu, alikuwa ameshajiweka sawa kutazama. Kevin akaiweka ile kanda. Gitaa likaanza. Rispah akafinya bega mara moja.

Na Wakoli akamshika kiuno. Mchana kweupe, mbele ya wakwe na mchungaji! Akina mama wakapiga kigelegele. Akamwongoza, mguu kwa mguu, macho ameyafumba ili auone wimbo vizuri kichwani, na Rispah, ambaye alikuwa amejiandaa kuhesabu na kuhofu, akajikuta hahofu. Ubeti wa kwanza ukapita. Wazee wakaanza kunong'onezana, kumbe ni huu, ulikuwa wapi wimbo huu.

Jenereta ikapiga chafya, ikafa.

Gitaa likakatika katikati ya neno. Spika zikawa masanduku matupu. Na katika hema lile lenye watu mia na zaidi, Wakoli peke yake hakujua. Alicheza. Mguu huu, mguu ule, macho yamefumbwa, uso umetulia, kwenye kimya ambacho hata kuku wa jirani walisikika.

Mkono wa Rispah ulikuwa begani kwa mumewe, vidole viko tayari. Amfinye mara mbili, asimame, watu wadhani ameona mwenyewe kwamba muziki umekatika, siri ipone. Ilikuwa rahisi hivyo. Ameificha miaka mingapi, ashindwe sasa na kufinya tu? Lakini akautazama ule uso. Wakoli alikuwa amefika pale ambapo mwanamume wa wimbo anajitwika mkungu wa ndizi, Rispah alijua kwa jinsi alivyoinua kidevu, na alikuwa na furaha. Nani amkatize? Kwa ajili ya Wakhungu? Mara Rispah akakasirika, akawakasirikia wote waliokaa na watakaocheka, akasema ndani yake, chekeni basi, chekeni mshibe, mimi ninacheza na mume wangu. Akavilegeza vidole. Akamfuata.

Kwa jicho la pembeni akamwona Wakhungu anafungua mdomo. Haya, akasema, ndiyo hiyo.

Wakhungu akaimba. Aliingia pale pale ilipotakiwa kuingia, kwa sauti ya kukwaruza, na nyuma yake Kabura, Mkikuyu ambaye Kibukusu alikiokota ukutani kwa jirani, akadakia, na wazee wakadakia, na watu wa lori wasiojua maneno wakapiga makofi kwa mdundo. Waliuchukua ule wimbo wakautembeza kwa mwendo wa miguu ya Wakoli. Yeye ndiye aliyekuwa kanda. Alipopunguza, walipunguza, na alipoweka mguu wa mwisho chini, hema zima likanyamaza kwa pamoja.

Wakoli akafumbua macho. Akaona midomo mia inafungwa, na Kevin amepiga magoti kando ya jenereta, mikono imejaa mafuta. Akamgeukia Rispah. Rispah akamwongoza mpaka kwenye kiti.

Kabura ndiye aliyekuja wa kwanza, ati kurekebisha shela. Akainama sikioni mwa Rispah.

"Wewe mama, usilie, utaharibu uso. Ulidhani hatujui?"

"Kujua nini?"

"Mama Ivy, toka hapa! Watoto wangu wote nimewafundisha wakimkuta Baba Ivy njiani wasimwite, wamguse kiwiko. Hata mashine ikiwa imezimwa, watu si wanamwongelesha na vidole tu? Hujawahi kujiuliza kwa nini?" Rispah hakuwahi. "Mwaka jana wakati wa fujo za uchaguzi mlinificha chini ya kitanda chenu mimi na watoto. Mlidhani ni nyinyi peke yenu mnajua kuficha mtu?"

Rispah akamtafuta Mzee Cheruiyot kwa macho. Mzee alikuwa anamenya chungwa karibu na mlango wa hema. Akaona anatazamwa, akasogea, akasema kama mtu anayezungumzia mvua, "Ule mshipi wa mashine nilishaufungia wavu tangu zamani, Mama. Ukikatika hauwezi kumgusa. Yeye nilimwambia ni wavu wa kuzuia panya." Akarudi kwenye chungwa lake. Nyuma yake alikuwa amesimama Ivy, mikono kifuani, anacheka na kulia. "Na sisi si watoto, Mama," akasema. "Baba anipendee wimbo wa mochari na mimi nisijue?"

Nitasema nini juu ya moyo wa Rispah saa ile? Alikuwa amebeba mzigo miaka yote akidhani anaubeba peke yake, na sasa anageuka anaona mtaa mzima umeweka mabega chini yake. Alishukuru mpaka akakosa pa kuweka mikono. Aliwatazama mmoja mmoja, wauza mboga, waendesha baiskeli, akina mama wa kusaga debe moja la Jumamosi, watu aliowahi kugombana nao kwa sababu ya foleni ya maji, na kila mmoja alikuwa ameishika siri ya mumewe, hakuna aliyeichezea.

Akamgeukia Wakoli, akamwambia kwa midomo, bila sauti. Wanajua. Wote.

"Tangu lini?"

Tangu zamani.

Wakoli akaangalia viatu vyake vipya. Rispah akaogopa kwamba amemvunja. Kisha akainuka. Jenereta ilikuwa imeanza kunguruma tena nyuma ya hema. Akamwendea mshereheshaji, yeye ambaye alikuwa amekataa kabisa kutoa hotuba ya bwana harusi, akamnyang'anya kipaza sauti, akakishika chini ya kidevu.

"Watu wa Kitale! Watu wa Bungoma!" Spika zikalia, walio karibu wakaziba masikio. "Mimi sisikii! Masikio yalikwisha, sijui yalienda wapi! Nimeambiwa mlijua, mkaninyamazia. Mtu ambaye angeweza kukucheka na hakukucheka, huyo ni ndugu yako. Wewe Wakhungu, hata wewe, nimeshangaa! Asanteni. Asanteni sana. Mungu awasagie laini!"

Hema likalipuka kwa makofi na vicheko, na Wakoli, ambaye aliviona tu, akacheka nao. Akarudi alipoketi mkewe. Kipaza sauti alikuwa bado amekishika, amekisahau, kiko karibu na shingo. Akainama sikioni mwa Rispah, akaweka kiganja mdomoni kama mtu anayenong'ona, akamwambia kwa sauti iliyotoka katika spika zote nne na kuvuka mashamba ya Mabanga:

"Mama Ivy, wewe nakushukuru kuliko hawa wote. Lakini usiwaambie, watasikia vibaya."

Hakuna aliyecheka. Watu mia na zaidi wakainamia sahani zao, wakawa wanatafuna, kana kwamba hakuna aliyesikia kitu. Rispah akamtazama mumewe machoni, akaitikia kwa kichwa, akamwahidi kwamba hatamwambia mtu.